Waandishi wa Zama za Kati walichukua nini kwa Warumi na Wagiriki wa kale? Maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Ukianza kusoma Dante, mshairi wa Italia, au Chaucer, mshairi wa Uingereza, kuna maswali lazima yakujie, na karibu kila msomaji anauliza yaleyale. Nimeyakusanya hapa nikayapanga kuanzia ya mwanzo kabisa mpaka yale ya wabishi. Jibu likiwa lipo kwenye swali jingine nitakuelekeza huko badala ya kurudia.

## Mambo ya mwanzo

1. Fasihi ya kale ni ipi hasa, na Zama za Kati ni lini?

Ya kale hapa ni vitabu vya Wagiriki na Warumi, tangu Homer, mshairi wa Kigiriki, kama karne ya 8 kabla ya Kristo mpaka dola ya Roma upande wa magharibi ilipoanguka karne ya 5 baada ya Kristo. Zama za Kati zinaanzia hapo mpaka kama 1500 hivi. Ni miaka elfu moja na bara zima, kwa hiyo mtu akikuambia "watu wa Zama za Kati waliamini hivi" muulize wapi na lini, manake mtawa wa Ireland wa karne ya 7 na mtu kama Chaucer, aliyekuwa anafanya kazi forodha bandarini London miaka ya 1370 na 1380, hawakuwa wanasoma vitabu vilevile wala kwa sababu zilezile.

2. Si walikuwa Wakristo? Waliwezaje kukaa na vitabu vya wapagani?

Kwa tabu. Na walisema waziwazi kwamba wanapata tabu.

Mtakatifu Yeronimo, yule aliyetafsiri Biblia kwa Kilatini, ameandika kwenye barua ya mwaka 384 kwamba akiwa mgonjwa sana aliota yuko mbele ya hakimu wa mbinguni, akaulizwa yeye ni nani, akajibu ni Mkristo, akaambiwa unasema uongo, wewe ni mtu wa Cicero (mwandishi na msemaji mkubwa wa Roma), alafu akacharazwa viboko. Akaapa hatashika tena vitabu vya dunia. Lakini ukisoma maandishi yake ya baadaye Cicero na Virgil, mshairi mkuu wa Roma, bado wamejaa tele, mpaka rafiki yake wa zamani Rufino akaja kumsema kwa hilo.

Augustino naye anaungama kwamba utotoni alimlilia Dido, malkia wa kwenye utenzi wa Virgil aliyejiua kwa ajili ya mapenzi, huku dhambi zake mwenyewe hazimtoi hata chozi. Ila ni Augustino huyohuyo aliyetoa hoja iliyokuja kutumika miaka elfu nzima: Waisraeli walipotoka Misri walibeba dhahabu na fedha za Wamisri (ni Kutoka 12), kwa hiyo na Mkristo anaruhusiwa kuchukua kilicho kizuri kwa wapagani akakitumie kwa kazi ya Mungu. Dhahabu haina kosa, kosa ni la aliyekuwa anaiabudu. Kila mtawa aliyetaka kusoma Ovid, mshairi wa Kirumi wa mapenzi, kwa amani alikuwa na hoja hiyo mfukoni, na kwa kweli ni hoja nzuri.

3. Vitabu vyenyewe vilifikaje mpaka kwao?

Kwa mkono. Hakuna mashine ya kuchapa Ulaya mpaka katikati ya karne ya 15, kwa hiyo kitabu kimebaki kwa sababu tu kuna mtu alikaa akakinakili, akaja mwingine akanakili ile nakala, hivyohivyo karne kwa karne, juu ya ngozi za kondoo na ndama. Kazi kubwa ilifanywa na watawa. Cassiodorus huko kusini mwa Italia karne ya 6 aliwaweka watawa wake kazini kunakili, alafu mwishoni mwa karne ya 8 Charlemagne akamleta Alcuin kutoka York asimamie elimu, ndo kukaja wimbi kubwa. Vitabu vingi vya Kilatini vya kale tulivyonavyo leo, nakala yake kongwe kabisa ni ya karne ya 9, yaani wakati huohuo. Bila wale watu tungekuwa na majina tu ya vitabu.

Na vingine ni majina tu kweli. Livy aliandika historia ya Roma vitabu 142, vimebaki 35. Mashairi ya Catullus karibu yote yalipona kwa nakala moja tu iliyojitokeza Verona kama mwaka 1300, na hiyo nayo ikapotea, bahati nzuri ilishanakiliwa. Ngozi ilikuwa ghali, kwa hiyo wakati mwingine walikwangua maandishi ya zamani wakaandika mapya juu yake. Kitabu cha Cicero kuhusu dola kilipatikana hivyo mwaka 1819 kwenye maktaba ya Vatikani, chini ya maelezo ya Augustino juu ya Zaburi. Angelo Mai alikuwa anasoma ukurasa akaona kuna wino mwingine wa zamani zaidi chini yake.

4. Shuleni walikuwa wanasomeshwa nani na nani?

Unaanza na sarufi ya Donatus na kile kijitabu cha methali kilichopewa jina la Cato, ukishakomaa unaingia kwa Virgil, Horace, Lucan, Statius, Terence, baadaye na Ovid kwa wingi. Usomaji wenyewe ni neno kwa neno: mwalimu anasoma mstari, anauliza hili neno ni nini, huyu mungu ni nani, mfano huu unaitwaje. Virgil alikuwa anasomwa pamoja na maelezo ya Servius pembeni ya ukurasa, na mwanafunzi alivimeza vyote viwili kwa pamoja.

Kumbuka pia wengi hawakuwahi kushika kitabu kizima, walikuwa na madaftari ya dondoo. Ukimkuta mwandishi anamnukuu Juvenal mstari mmoja usikimbilie kusema amemsoma Juvenal (hili linarudi swali la 16).

## Waandishi waliotawala

5. Dante ni Mkristo safi, kwa nini kiongozi wake Jehanamu ni Virgil?

Hili ndo swali linaloulizwa kuliko yote, acha nikae nalo kidogo. Kwenye utenzi wake mkubwa, Divine Comedy, Dante anapita Jehanamu, Toharani na Peponi, na Virgil ndiye anayemwongoza sehemu ya mwanzo.

Kwanza Virgil alishaandika safari ya kwenda kwa wafu. Kwenye kitabu cha 6 cha utenzi wake wa Aeneid, shujaa wake Aeneas, aliyetoroka Troya, anashuka kuzimu kumtafuta marehemu baba yake. Njia anaijua. Pili, Virgil ana shairi la kama mwaka 40 kabla ya Kristo linaloimba kuzaliwa kwa mtoto atakayerudisha enzi ya dhahabu, na Wakristo wengi walilisoma kama utabiri wa Yesu, Yeronimo akiwa mmoja wa waliokataa. Dante analichukua hilo: kwenye Toharani anamkutanisha Virgil na mshairi Statius, na Statius anasema ni shairi hilo lililomfikisha kwenye imani, kwamba Virgil alikuwa kama mtu anayetembea usiku kabeba taa mgongoni, yeye mwenyewe haoni ila walio nyuma yake wanaona njia. Tatu ni siasa, Dante aliamini dola ya Roma ilipangwa na Mungu, na mwimbaji wa dola hiyo ni Virgil.

Lakini ukitaka kuona Virgil alikuwa nani kwa Dante nenda wimbo wa 30 wa Toharani. Wako juu ya mlima, Beatrice, mwanamke aliyempenda Dante, anakaribia kushuka. Malaika wanamwaga maua wakiimba kwa Kilatini, katikati ya shairi la Kitaliano, kwamba leteni mayungiyungi kwa mikono iliyojaa. Huo ni mstari wa Virgil. Kwake ulikuwa wa msiba, wa kumlilia kijana Marcellus aliyekufa kabla ya wakati wake, Dante akaugeuza wa furaha. Sasa Beatrice anatokea, Dante mwili mzima unamtetemeka, anageuka kushoto kama mtoto anayemkimbilia mama yake ili amwambie Virgil "nazitambua dalili za ule moto wa zamani". Na hayo ni maneno ya Dido kwenye Aeneid! Anataka kumwambia Virgil kwa maneno ya Virgil mwenyewe. Anageuka, hayupo. Ameshaondoka, amerudi mahali pa wasiobatizwa. Dante analitaja jina la Virgil mara tatu ndani ya mistari mitatu na machozi yanamtoka, alafu Beatrice anamwita kwa jina lake, "Dante", na ni mara moja tu jina hilo linatajwa kwenye utenzi wote wa nyimbo 100.

Mimi nikiulizwa fasihi ya kale iliwafanyia nini watu wa Zama za Kati jibu langu ni hapo. Wamemchukua mpaka maneno yake yamekuwa ya kwao, na bado imani yao inawalazimu wamwache mlangoni. Hawakuficha kwamba inauma.

6. Ovid ndiye wa mapenzi na miungu wahuni. Kanisani alipita vipi?

Ovid alifukuzwa Roma mwaka 8 baada ya Kristo akapelekwa Tomis kwenye Bahari Nyeusi, na sababu moja aliyoitaja mwenyewe ni shairi, wengi wanasema ni lile la kufundisha watu kutongoza. Miaka 1100 baadaye ndo alikuwa anasomwa kuliko wakati wowote, wataalamu mpaka wameziita karne za 12 na 13 enzi ya Ovid. Chrétien de Troyes, baba wa hadithi za Mfalme Arthur, anaanza hadithi yake moja kwa kutaja kazi za Ovid alizozitafsiri. Hadithi ya Waridi, kitabu cha Kifaransa kilichoanzwa na Guillaume de Lorris kama 1230 na kumaliziwa na Jean de Meun miaka 40 baadaye hivi, kina Narcissus mwanzoni na Pygmalion mwishoni, wote kutoka kwake. Ile picha ya mpenzi anayekosa usingizi, chakula hakimpiti, anapauka, anaungua na kuganda kwa wakati mmoja, imetoka kwake pia, na bado ipo kwenye nyimbo za redioni.

Kupita alipita kwa kufasiriwa. Mwanzoni mwa karne ya 14 Mfaransa mmoja asiyejulikana jina aliandika tafsiri ya Metamorphoses, kitabu cha Ovid cha hadithi za watu na miungu wanaogeuka maumbo, na kila hadithi akaipa maana ya kidini: Daphne anayemkimbia Apollo mpaka akageuka mti, anakuwa Bikira Maria. Kitabu cha Ovid kina mistari kama 12,000, hicho kina kama 72,000. Watu wa leo wanakidharau, mimi naona si haki. Mtu haandiki mistari 72,000 juu ya kitabu ambacho hakipendi.

7. Boethius ni nani na kwa nini kila mtu anamtaja?

Ni mkubwa wa serikali ya mfalme Theodoric huko Italia, akatuhumiwa uhaini, akafungwa, akauawa kama mwaka 524. Akiwa anasubiri kufa akaandika Faraja ya Falsafa: Falsafa anamtokea kifungoni kama mwanamke, wanajadiliana kwa nini waovu wanastawi na wema wanateseka, nathari kidogo, shairi kidogo, mpaka mwisho. Kristo hatajwi hata mara moja ingawa mwandishi ni Mkristo.

Kitabu hicho ni daraja. Plato, Aristotle, Seneca, Cicero, wote wamepita humo kwenda kwa watu ambao hawakuwa na njia nyingine ya kuwafikia. Kilitafsiriwa Kiingereza cha kale mwishoni mwa karne ya 9, tafsiri iliyobeba jina la Mfalme Alfred, Jean de Meun akakitia Kifaransa, Chaucer Kiingereza cha wakati wake. Kwenye ile ya Alfred kuna jambo napenda kumwonyesha kila mtu: Boethius anauliza mifupa ya Fabricius mwaminifu iko wapi leo, Fabricius akiwa shujaa wa Kirumi, na mtafsiri wa Kiingereza anauliza mifupa ya Weland iko wapi, yaani mhunzi wa kwenye hadithi za kwao ambaye kila msikilizaji anamjua.

Gurudumu la Bahati, linalompandisha mtu na kumshusha, lilienea kutoka humo. Na ndo maana kwa Chaucer tanzia haimaanishi mchezo wa jukwaani, ni kisa cha mtu mkubwa aliyeanguka. Mtawa wa kwenye Canterbury Tales, kitabu cha Chaucer cha wasafiri wanaosimuliana hadithi, anasimulia visa vya namna hiyo kimoja baada ya kingine mpaka Shujaa wa vita anamwambia inatosha.

8. Kwa nini kila taifa lilidai asili yake ni Troya?

Troya ni ule mji uliotekwa na Wagiriki kwenye hadithi za kale, na Roma ilidai hivyo kwanza, na Virgil akaimba. Kama Warumi ni wana wa Aeneas, na sisi tunataka heshima hiyohiyo, basi na sisi tutafute Mtroya wetu. Wafaransa walikuwa na Francio. Geoffrey wa Monmouth kama mwaka 1136 aliwapa Waingereza Brutus, kizazi cha Aeneas, kwamba Britania imeitwa kwa jina lake. Mwandishi Snorri huko Iceland karne ya 13 anaeleza kwamba Odin, mungu wa kaskazini, na wenzake walitokea Asia, upande wa Troya. Hayo yalikuwa yanachukuliwa kama historia kabisa.

Ajabu ni kwamba magharibi walipata habari za vita vya Troya bila Homer. Walikuwa na vitabu viwili vya Kilatini, kimoja kwa jina la Dares aliyedai kupigana upande wa Troya na kingine kwa jina la Dictys wa upande wa Wagiriki. Vyote ni vya kughushi ila waliviamini kuliko Homer, kwa hoja kwamba Homer hakuwepo vitani na anaweka miungu ipigane na watu. Hoja ya mwanahistoria hiyo, ila ushahidi wenyewe ndo mbovu. Kutoka humo Benoît de Sainte-Maure akatunga shairi la mistari kama 30,000 kwenye miaka ya 1160, na humo akabuni mapenzi ya Troilus, ambayo Boccaccio akayachukua, Chaucer akayachukua kwa Boccaccio, akaja Shakespeare. Homer hana hata neno moja la hayo mapenzi.

## Jinsi walivyofanya kazi

9. Tusidanganyane, hii si kukopi tu?

Hapana, ingawa naelewa kwa nini inaonekana hivyo. Kwao mtunzi kuanza na kitu kipya kabisa haikuwa sifa. Sifa ilikuwa kuchukua jambo ambalo kila mtu analijua na kulifanya liseme kitu ambacho halijawahi kusema. Bernard wa Chartres, kwa mujibu wa John wa Salisbury aliyeandika 1159, alisema sisi ni vibeti tuliokaa juu ya mabega ya majitu, tunaona mbali kuliko wao si kwa macho yetu makali bali kwa sababu wametubeba.

Angalia kwa karibu Chaucer na masikio ya Midas. Ovid anasimulia kwamba mfalme Midas aliota masikio ya punda, akayaficha, na anayejua ni mtumwa wake anayemnyoa tu. Kinyozi siri ikamshinda, akachimba shimo, akanong'ona humo, akafukia, yakaota matete na upepo ukipiga matete yanasema. Sasa kwa Chaucer anayesimulia ni yule Mke wa Bath, mmoja wa wasafiri wa Canterbury Tales, na kwenye simulizi lake anayejua siri ni mke wa Midas, anakimbilia kwenye kinamasi anaweka mdomo majini anasema. Anakatisha hapo, anawaambia wasikilizaji, kama mnataka mwisho kasomeni Ovid. Na ukienda kusoma kweli unakuta hakukuwa na mke! Ilikuwa mwanaume. Hadithi aliyoileta kuthibitisha kwamba wanawake hawatunzi siri inakataa yenyewe, ila kwa aliyefungua kitabu tu. Wataalamu wanabishana kama ni Chaucer anamcheka Mke au ni Mke anawacheka wanaume wenye vitabu. Mimi niko na la pili. Kwa vyovyote, hiyo haiitwi kukopi.

Wakati mwingine mkopo uko wazi zaidi. Einhard alipoandika maisha ya Charlemagne karne ya 9, umbo la mfalme, tumbo, shingo, mwendo, amelieleza kwa vipande vya maneno kutoka kwa Suetonius, aliyeandika maisha ya makaizari wa Roma. Alitaka usome umwone Kaizari, si kwamba maneno yalimwishia.

10. Wanawake walikuwepo kwenye hii habari?

Walikuwepo, na mara nyingi wanasoma kwa makali zaidi manake vitabu hivyo havikuwahurumia.

Hrotsvitha, wa nyumba ya watawa ya Gandersheim Ujerumani, karne ya 10, aliona watu wanampenda Terence, mtunzi wa michezo wa Roma, kwa lugha yake tamu huku wanachafuka na visa vyake. Terence ana michezo 6. Yeye akaandika 6 pia, na anasema wazi kwamba kwa mtindo uleule uliotumika kuonyesha wanawake waovu yeye ataonyesha usafi wa mabikira.

Heloise, mpenzi wa mwanafalsafa Abelard wa Paris karne ya 12, siku anaingia utawani baada ya yote yaliyowapata, watu wanajaribu kumzuia kwa huruma, naye kati ya kwikwi akatamka maneno ya Cornelia kutoka kwa mshairi wa Kirumi Lucan, mke anayejilaumu kwamba ndoa yake imemletea mumewe mkosi, anajitoa awe fidia. Kisha akaenda moja kwa moja altareni kuchukua shela. Abelard mwenyewe ndiye kasimulia. Siku nzito kuliko zote maishani mwake, na maneno yaliyomtoka yalikuwa ya mshairi wa kipagani.

Christine de Pizan, mjane wa Paris aliyelea familia kwa kalamu, alikivaa kitabu cha Hadithi ya Waridi hadharani na akasema kitabu cha Ovid cha sanaa ya mapenzi kingefaa kuitwa cha udanganyifu mkubwa. Mwaka 1405 akatoa Mji wa Wanawake, akawasimulia upya Dido, Medea na wengine wengi, safari hii kwa upande wao.

11. Na Kigiriki je? Homer walimsoma?

Magharibi, hapana. Dante anamweka Homer mbele ya washairi wote lakini hajawahi kumsoma, alimjua kupitia Kilatini. Ndo maana Ulysses wake (wimbo wa 26 wa Jehanamu) harudi nyumbani, anapita nguzo za Hercules na kuzama baharini. Amebuni, na ni moja ya sehemu nzuri kuliko zote. Petrarch, mshairi wa Italia wa karne ya 14, alipata Homer wa Kigiriki mwaka 1354, akafurahi sana na hakuweza kumsoma. Tafsiri nzima ya Kilatini ilikuja miaka ya 1360 kwa mkono wa Leonzio Pilato.

Ila usisahau Konstantinopoli. Huko Kigiriki hakikukatika hata siku moja, watoto walikua na Homer, na karne ya 12 binti wa mfalme, Anna Komnene, aliandika historia ya baba yake Alexios na kuiita Alexiad kwa mfano wa Iliad, utenzi wa Homer. Wao pia ni Zama za Kati.

12. Waarabu wanaingia wapi?

Wanaingia katikati kabisa. Baghdad karne ya 9 Hunayn ibn Ishaq na wenzake walitafsiri tiba, falsafa na sayansi za Wagiriki kwa Kiarabu na Kisiria, wanazuoni wa Kiislamu wakazisoma, wakazisahihisha, wakaziongezea, alafu karne ya 12 Toledo, Hispania, watu kama Gerard wa Cremona wakazitoa Kiarabu kwenda Kilatini. Aristotle alirudi Ulaya Magharibi akiwa na Ibn Sina na Ibn Rushd pembeni, na Dante amewaweka wote wawili pamoja naye kwenye ile sehemu ya heshima ya Jehanamu.

Kilichopita ni elimu zaidi kuliko mashairi, Virgil na Ovid hawakupita njia hiyo. Kuna jambo moja la ushairi lakini, na msomaji wa Kiswahili atalielewa kwa haraka. Aristotle ana kitabu kuhusu tanzia na utenzi. Ibn Rushd (1126–1198) wa Cordoba alipokieleza hakuwa na tamthilia yoyote ya kuangalia, kwao hazikuwepo, alichokuwa nacho ni kasida. Akaeleza tanzia ni ushairi wa kusifu na komedi ni ushairi wa kukashifu, akatia mifano ya mashairi ya Kiarabu. Hermann Mjerumani akaihamishia Kilatini huko Toledo mwaka 1256. William wa Moerbeke alitafsiri kitabu chenyewe moja kwa moja kutoka Kigiriki mwaka 1278, na karibu hakuna aliyekisoma! Walichopenda ni cha Ibn Rushd, kwa sababu kusifu wema na kulaani uovu ndiko walikodhani ushairi unafanya. Watu wanaliita kosa. Sawa, kwa Aristotle ni kosa, ila kama maelezo ya ushairi wa wakati wake Ibn Rushd yuko sahihi kabisa.

## Maswali ya pembeni

13. Nimesoma kwamba vitabu vya kale vilisahaulika mpaka Renaissance. Sasa?

Renaissance ni ile enzi ya kuamka kwa elimu ya kale iliyoanza Italia karne ya 14 na 15, na ukishasoma swali la 3 mpaka la 8 unaona hilo haliwezekani. Kweli Petrarch alikuta barua za Cicero Verona mwaka 1345, kweli msomi wa Italia Poggio alikuta kitabu cha mshairi wa Kirumi Lucretius mwaka 1417, lakini walizikuta kwenye maktaba za kanisa na monasteri, manake kuna mtu wa Zama za Kati alishazinakili. Tena wale wasomi wa Italia walipenda sana mwandiko safi wa enzi ya Charlemagne, wengine wakidhani ni wa Warumi wenyewe, wakauiga, wachapaji wakauchukua, na herufi ndogo unazosoma hapa asili yake ni hiyo.

Kilichobadilika ni jicho. Petrarch anamwandikia Cicero barua kama marehemu wa zama nyingine. Kabla yake Aeneas alikuwa anachorwa kavaa deraya kama shujaa wa Ufaransa na hakuna aliyeona tatizo.

14. Ni kweli walimwona Virgil ni mchawi?

Wengi ndiyo, hasa kwenye masimulizi ya Napoli, alikozikwa. Inasemwa alitengeneza nzi wa shaba aliyezuia nzi wote wasiingie mjini, na kwamba kaficha yai chini ya ngome, siku likivunjika mji umekwisha. Ngome ipo mpaka leo na inaitwa Ngome ya Yai. Pia watu walifungua kitabu chake popote, wakaweka kidole, na mstari huo wakauchukua kama jibu la jambo lao.

15. Kuna uhusiano wowote na fasihi ya pwani yetu?

Na Virgil au Ovid moja kwa moja, hapana, tusilazimishe. Ukaribu uko upande wa Kiarabu, njia ileile ya swali la 12. Utendi wa Tambuka, ulioandikwa Pate mwaka 1728, unaimba vita na Herekali, yaani Heraclius mfalme wa Konstantinopoli, kwa hiyo dola ya Roma ya mashariki imo kwenye utenzi wetu mkongwe, ila imeonwa kutoka upande wa pili wa uwanja.

16. Nikikuta mstari wa Zama za Kati unafanana na wa Virgil, nitajuaje kama si bahati tu?

Angalia mambo matatu. Maneno yenyewe yanafanana au ni wazo tu? Dhoruba baharini kila mshairi anayo. Mwandishi angeweza kukifikia hicho kitabu, kilikuwepo kwenye maktaba za kwao? Na je, mfanano unaongeza kitu ukiujua? Ule wa Dante na Dido (swali la 5) unapita mitihani yote mitatu.

Beowulf, utenzi wa Kiingereza cha kale, ndo kesi ngumu. Wapo wanaoona Virgil ndani yake, kwenye lile ziwa la kutisha na kwenye namna shujaa anavyosimulia mambo yake karamuni, na wapo wanaosema hayo yote yanatosha kuelezwa kwa hadithi za kaskazini peke yake. Virgil alikuwa anasomwa Uingereza wakati huo, kwa hiyo mtihani wa pili unapita. Wa kwanza haupiti, hakuna mstari unaoweza kuuweka pembeni ya mwingine ukasema huu hapa. Mimi mpaka sasa Virgil simwoni mle.